Nairobi hatuna bahari, lakini matope ya Sabaki yanatuhusu

MpangajiRuai (mwanzilishi wa uzi)

Wadau, habari za jioni. Uzi ni mrefu, mwenye haraka apite.

Ninakaa Ruai, ghorofa ya nne, na dirisha la jikoni linaangalia upande wa mabwawa ya majitaka. Ndiyo, yale yale. Upepo ukigeuka jioni tunafunga madirisha hata kwenye joto la Februari. Lakini kuna jambo ambalo sijawahi kuwaambia majirani kwa kuogopa kuchekwa: kuanzia Septemba hivi mpaka Aprili huwa naamka mapema kuangalia ndege. Pale ukingoni, tope linapokutana na maji, kuna videge vinakimbia kama vimechelewa kazini. Vinadonoa, vinakimbia, vinadonoa tena. Miaka miwili nilidhani ni vifaranga vya ndege fulani mkubwa ambaye sijamwona.

Jumatano moja nikiwa likizo nikajiunga na yale matembezi ya Nature Kenya ya kuangalia ndege, yanayoanzia Makumbusho ya Taifa. Nikamweleza mzee mmoja mwenye darubini. Akaniambia hao ni chamchanga wadogo kabisa, gramu 25 hivi, yaani hata nusu ya yai la kuku hawafiki. Wanaanguliwa kaskazini kabisa mwa Urusi, kule ambako wakati wa kiangazi jua halitui, halafu wanakuja huku. Ni safari ya zaidi ya kilomita 8,000. Nikamwuliza, huku wapi, Ruai? Akasema, Ruai, na Naivasha, na Malindi, popote penye tope jembamba.

Sasa Desemba tukawa Malindi kwa matanga ya mama mkwe. Siku ya tatu watu wamepungua, shemeji yangu akasema twende mlangoni mwa Mto Sabaki tukanyooshe miguu. Tukafika. Bahari yote pale ilikuwa rangi ya chai ya maziwa, na mbali kidogo unaona mstari kabisa, huku kahawia, kule buluu. Mbele yetu tope, na juu ya tope ndege hata siwezi kuwahesabu. Na katikati yao nani? Videge vyangu! Mwendo uleule, kichwa chini uleule.

Nikamwuliza shemeji maji haya yanatoka wapi. Akaniangalia kama nimemwuliza jina lake.

"Kwenu."

Nilikaa kimya mpaka tunarudi nyumbani. Sabaki ndiyo Galana, Galana ndiyo Athi, na Mto Nairobi unaingia Athi. Maji yanayopita Gikomba, yakasugua kando ya jaa la Dandora, yakapita nyuma ya nyumba yangu, ndiyo hayo. Shule nilifundishwa, lakini kuna kufundishwa na kuna kusimama pale ukiwa na viatu vya msiba vimejaa tope.

Swali langu: kama ndege huyu anashiba hapa Ruai, kwa nini nasikia wataalamu wanahangaikia zaidi ghuba na hori za pwani? Bwawa letu halitoshi?

---

Dereva_wa_58

Kwa hiyo majitaka yetu yana wageni kutoka Urusi na kaunti haijawatoza kiingilio. Usiseme kwa sauti.

---

MwanaMida

Pole kwa msiba, Mpangaji. Mimi mzaliwa wa Dabaso, Kilifi, hori ya Mida ndiyo iliyonilea, sasa niko huku bara nafanya zamu kiwandani. Ngoja nikujibu maana nikianza habari ya nyumbani silali.

Bwawa lina ukingo tu. Hatua mbili tatu za tope, zimezunguka maji, basi. Mida ina kama kilomita za mraba 32, na bamvua, yale maji makubwa ya mwezi mpevu na mwandamo, ikishuka sehemu kubwa inabaki wazi, tope na mchanga na nyasi za bahari mpaka kwenye mikoko. Kwetu maji ya bamvua hupanda na kushuka karibu mita nne. Na yanafanya hivyo mara mbili kwa siku, kila siku, Mungu hajawahi kusahau. Kila yakirudi yanaleta chakula kipya na kulowesha tope ili mdomo uingie. Ndege naye hana habari na usiku. Maji yakikupwa saa nane ya usiku, anakula saa nane ya usiku.

Bwawa la bara mvua ikikosa linakauka, mvua ikizidi ukingo unazama. Umeona maziwa ya Bonde la Ufa yalivyofura miaka hii, Nakuru na Baringo? Pale palipokuwa na tope sasa ni kina cha maji. Chamchanga hana miguu ya heroe, afanye nini?

Halafu kuna ndege ambao huku bara utawaona kwa nadra sana. Wakiwa huku, kwao ni pwani. Sululu, yule mkubwa mwenye mdomo uliopinda chini kama sindano ya kushonea magunia, mdomo ule unaingia kwenye tundu la kaa kama ufunguo. Mwenye mdomo mfupi anaokota vya juu. Mwenye mdomo mrefu anafuata minyoo chini. Wako mia kwenye tope moja na hawagombani sana, maana kila mmoja ana ghorofa yake.

Mfalme wao kwangu mimi ni kitwitwi mla-kaa. Mweupe, mgongo mweusi, miguu mirefu ya kijivu, mdomo mweusi mnene kama koleo. Anatembea polepole, anasimama. Anasimama kabisa, utadhani kibao. Halafu ghafla mbio hatua nne tano, chap, kaa yuko mdomoni. Anamkung'uta mpaka magando na miguu inadondoka, kisha anammeza. Na nyuma yake kuna mtoto, rangi ya kijivu, ameshakuwa mkubwa kama mama, anamfuata huku akilia apewe. Wamezaliwa visiwani huko Uarabuni na pwani za kaskazini, ndani ya mashimo waliyochimba mchangani, wameruka bahari yote ile, na bado anadai kulishwa. Bibi yangu alikuwa akituonyesha sisi tuliokuwa wazito wa kutoka nyumbani.

---

Kaundasuti

Nisameheni, lakini Mukuru watu wanalala njaa na nyinyi mnahesabu ndege wa Urusi. Hizo ni anasa za watu wenye darubini.

---

MwanaMida

Kaundasuti, sina darubini. Nina macho na mama anayeokota chaza.

Tope analokula ndege ndilo linalolea kamba na kaa. Samaki wengi wanaovuliwa nje kwenye matumbawe, walikua wakiwa wadogo ndani ya mikoko. Pale Dabaso kikundi cha wenyeji kimejenga mgahawa juu ya mikoko, wageni wanakuja kula kaa jua likizama. Na lile daraja la kuning'inia linalopita kwenye mikoko ya Mida mpaka kibanda cha kuangalia ndege, kiingilio chake kimesaidia karo za watoto wa sekondari wa vijiji vinavyozunguka hori na msitu wa Arabuko-Sokoke. Najua nyumba ambazo mtoto alisoma kwa hela hiyo. Kwa hiyo ndege wa Urusi amelipa karo Kilifi. Wewe umelipa ngapi?

---

Dereva_wa_58

😂😂 Kaundasuti kaa chini.

---

Kaundasuti

Nimekaa. Lakini sijaridhika.

---

MwalimuWaJiografia

Nitaharibu sherehe kidogo. Mpangaji, hadithi yako ni nzuri na mto ndio huo huo, ila tusijipe sifa tusizostahili. Udongo unaoigeuza Sabaki chai ya maziwa, mwingi hautoki mjini. Unatoka mashambani: Kiambu, Machakos, Makueni, miteremko inayolimwa bila matuta, mvua kubwa ya kwanza inapokuta ardhi iko uchi. Mji unachangia vingine, majitaka, mafuta ya gereji, plastiki. Mifuko ya plastiki ilipigwa marufuku Agosti 2017, chupa bado zipo.

Jambo linalonitatiza mimi ni kwamba tope lenyewe halina upande mmoja. Ghuba ya Malindi imepokea mchanga na udongo mwingi mpaka ufuo umesonga baharini. Mlangoni mwa Sabaki ndege wanafurahi, maana tambarare za tope zinapanuka. Lakini udongo huohuo ukielea kusini unafunika matumbawe ya hifadhi ya bahari ya Malindi, iliyotengwa tangu 1968, na tumbawe lisilopata mwanga linakufa. Ukimwuliza chamchanga na ukimwuliza samaki wa matumbawe utapata majibu mawili.

Sasa weka na bwawa la Thwake, linalojengwa juu ya Athi huko Makueni. Bwawa hunasa udongo. Maji yatakayotoka chini yatakuwa na tope pungufu. Matumbawe yatapumua. Na zile tambarare za mlangoni? Mawimbi hayaachi kula mchanga kwa sababu sisi tumeacha kuuleta. Tope la mlango wa mto si kama jiwe, ni hesabu ya kila siku, kinachoingia kutoa kinachoondoka.

Makueni wanahitaji maji, hilo sibishani nalo kabisa. Nasema tu kwamba mwenye kalamu ya mradi Nairobi anaamua pia ukubwa wa meza ya ndege Malindi, na sidhani kama huwa anamfikiria.

---

Mama_Shiku

Mwalimu wewe ungenifundisha mimi jiografia nisingepata D.

Swali la mshamba: kwani hao ndege wakikuta Sabaki imeharibika si watahamia ghuba nyingine? Pwani ni ndefu. Kuna Ungwana, kuna Mombasa, kuna Tanga.

---

MtunzaWazee_Delaware

Mama Shiku, nitakujibu mimi kutoka mbali. Mtu wa Kayole huyu, niko jimbo la Delaware huku Marekani, natunza wazee. Mzee mmoja niliyekuwa namwangalia alikuwa mpenda ndege, na kila Mei ilikuwa lazima nimsukume kwenye kiti chake mpaka ghubani. Nilikuwa nanung'unika. Siku hizi ameshafariki na bado naenda.

Ghuba ya Delaware ina mnyama mmoja kama kofia ya chuma yenye mkia. Wenyewe wanamwita kaa, lakini kwa ukoo yuko karibu zaidi na buibui na nge. Mei na Juni, mwezi ukiwa mpevu au mwandamo, maji yakijaa usiku wanapanda ufukweni kwa maelfu kutaga. Mayai yake ni madogo ya kijani, kama uwele. Sasa kuna chamchanga mmoja mwenye kifua chekundu anatoka ncha ya kusini kabisa ya Amerika akielekea Aktiki. Anafika hapa amebaki mifupa. Anakula mayai hayo kwa wiki mbili hivi, uzito unakuwa mara mbili, anaondoka. Wiki mbili tu katika mwaka.

Miaka ya 1990 wavuvi walivua wale wanyama kupita kiasi, wanawakata kuwa chambo. Ndege wakapungua vibaya. Pwani ya Marekani ni ndefu kuliko yetu mara nyingi, Mama Shiku, lakini ndege hawakupata pengine penye mayai mengi hivyo kwa tarehe ile. Jimbo la New Jersey, ng'ambo ya ghuba, lilisimamisha uvuvi huo 2008, na mwisho wa 2014 serikali kuu ikamtangaza ndege huyo kuwa hatarini. Mzee wangu alikuwa akisema enzi zake ufuo ulikuwa mwekundu. Mimi nimeukuta na madoa madoa.

---

MwalimuWaJiografia

Ahsante sana, Delaware. Niongeze Korea Kusini. Saemangeum, kingo za bahari ya Manjano: walijenga ukuta wa kilomita 33 ukaifunga milango ya mito miwili, pengo la mwisho likazibwa 2006. Walitaka ardhi. Kulikuwa na ndege wakubwa wa jamii ya chamchanga wanaosimama pale kutoka Australia kwenda Siberia, makumi ya maelfu. Watu waliwatafuta kwenye matope mengine ya jirani wakidhani wamehamia. Hawakuwaona wakiongezeka kule. Na idadi yao Australia ikashuka.

Mama Shiku, ndiyo jibu. Ghuba nyingine nayo imeshajaa wenyewe. Ni kama kuambiwa soko lenu limebomolewa, nendeni Wakulima, kana kwamba Wakulima kuna vibanda vinavyongoja watu.

Oktoba 2024 shirika la IUCN, lile la uhifadhi linalopanga viumbe kwa hatari ya kutoweka, liliwapandisha daraja la hatari ndege wa aina 16 wa pwani wanaohama. Wawili kati yao tunawajua Mida: chamchanga mwenye mdomo uliopinda na kitwitwi wa kijivu. Zamani nilimwonyesha yule wa kijivu kwa wanafunzi kama mfano wa ndege asiye na shida.

---

MpangajiRuai

Nimesoma yote nikiwa kwenye matatu mpaka nikapitiliza stendi.

MwanaMida nina malalamiko. Siku moja kabla ya kurudi Nairobi nilienda Mida yako. Jamaa mmoja wa kuongoza wageni, sitamtaja, alinitoza hela ya kutosha, akanipandisha mtumbwi saa kumi jioni, tukazunguka saa moja na nusu. Ndege niliowaona: kulasitara mmoja, na kunguru. Nikauliza wako wapi? Akasema "wamelala". Nikajua nimeliwa.

---

MwanaMida

Lo! Mwezi ulikuwaje siku hiyo?

---

MpangajiRuai

Mpevu. Mzuri kweli, mke wangu akapiga picha.

---

MwanaMida

Basi hakukudanganya kwa maneno, alikudanganya kwa saa. Mwezi mpevu ni bamvua, na bamvua kwetu maji hujaa alfajiri na alasiri, saa kumi hivi. Ulienda wakati meza imefunikwa. Ndege walikuwa wamebanana kwenye visiwa vya mchanga na juu ya mikoko, kichwa nyuma, wanangoja. Na mahali hapo wanapongojea pana thamani sawa na tope lenyewe, mtumbwi ukiwatimua kila siku wanachoma mafuta waliyoyaweka kwa ajili ya safari.

Nenda hivi. Bamvua hiyohiyo, maji yanakupwa kabisa kama saa nne au saa tano asubuhi. Usiende saa nne, maana watakuwa mbali, utaona nukta. Ingia kibandani saa sita na utulie, na usivae nguo nyeupe. Maji yakianza kurudi yanawasukuma kidogo kidogo kuja kwako. Wanarudi nyuma hatua, wanakula, wanarudi nyuma. Saa saba na nusu unaweza kuona kaa yuko mdomoni mwa ndege na bado anapiga teke.

Ukitaka wengi, Machi mwisho mpaka katikati ya Aprili. Kaskazi inaisha, wamenona hadi wanatembea kama mama wajawazito, na wale wenye mdomo uliopinda wameshageuka wekundu wa matofali. Jioni moja utasikia wanaitana kwa namna nyingine. Wanapanda juu kwa makundi, wanazunguka mara moja, wanashika kaskazini. Asubuhi tope ni lile lile na nusu hawapo. Wanaobaki ni watoto wa mwaka wa kwanza, hawaendi, wanangoja mwaka wao.

---

Mama_Shiku

Na Sabaki wakati huo inabaki tupu?

---

MwanaMida

Hapana. Wa kaskazini wakiondoka, wanakuja wa kusi. Kuna ndege wa Madagaska, mbawa ndefu kama mbayuwayu, anazaa kwao halafu kuanzia Aprili mpaka Septemba anakuja kukaa mlangoni mwa Sabaki, wakati mwingine kwa maelfu. Ni nyumba ya kupanga, mmoja akitoa vitu mwingine anaingiza. Viboko wanaokaa pale mtoni tu ndio hawalipi kodi.

---

Kaundasuti

Nina swali na si la ubishi. Nikitupa mafuta machafu ya gereji kwenye mtaro wa Grogan, inachukua muda gani kufika huko?

---

MwalimuWaJiografia

Kiangazi, mengi yanashika kwenye matope na mawe njiani. Mvua ya mafuriko, kama ile ya Aprili 2024, siku chache. Kwa nini unauliza?

---

Kaundasuti

Nina gereji Grogan.

---

Dereva_wa_58

Wasee leo nilikuwa na siku ya kupumzika. Nikaenda Ruai kwa ajili ya huu uzi wenu. Mpangaji, ulinifungulia mlango na chai nimekunywa, ahsante, mwambie na shemeji. Nimewaona. Wako kama sitini. Nimeketi pale dirishani mpaka saa mbili asubuhi.

Lakini kuna mmoja ana mguu mmoja. Nimemwonea huruma kweli, kutoka Urusi na mguu mmoja?

---

MwanaMida

Amekunja mwingine.

---

Dereva_wa_58

Una hakika?

---

MwanaMida

Piga makofi uone.

---

MpangajiRuai

Asipige makofi! Nyumba ni yangu.